Mtu Aitwaye Sterling

Nimeirudisha beji. Msichana wa ofisini aliipokea, akaitupia kwenye droo, akaniuliza kama kuna kitu chochote cha ofisi kimebaki kwenye gari langu. Nikamwambia hakuna. Nikatoka. Ukalimani wangu ukaishia hapo, baada ya miaka ishirini na mitatu ya kukaa kwenye viti vya plastiki katika kliniki za Minneapolis, Saint Paul na vitongoji vyake, nikisema maneno ya watu wengine. Nyinyi vijana mnaobaki mmeniomba niandike mambo mawili matatu. Nani alipanda cheo na nani alilipwa nini, mtaulizana wenyewe mkinywa kahawa. Mimi nitaandika siku yangu ya kwanza, nitamwandika aliyenifundisha, halafu nitaandika kesi moja ambayo hadi leo ikinijia mezani naacha chakula.

Siku ya kwanza nilikwenda kliniki ya Saint Paul nimevaa tai. Kwetu Tanga nilikuwa mwalimu wa Kiswahili wa sekondari, kwa hiyo nilijiona nimeangukiwa na kazi ya mteremko. Mgonjwa alikuwa baba wa makamo kutoka Uvira. Akamwambia daktari, "Minasikia baridi mu mifupa." Mimi, badala ya kutafsiri, nikamgeukia nikamweleza kwamba husemwa ninasikia baridi kwenye mifupa. Jamani, mtu anaumwa, mimi namsahihishia insha. Yule baba akaniomba radhi. Daktari akasubiri na kalamu yake hewani.

Aliyekuwa amekaa pembeni kunipima ni Dada Moraa, Mkenya wa Kisii, mkalimani wa zamani kuliko sisi wote. Alinitoa nje kwa kunishika kiwiko. "Mwalimu," akaniambia, "huyu amekuja hosi, hajakuja exam. Hapo ndani wewe si mtu. Usi-add, usi-minus. Akisema ujinga, sema huo ujinga vile ameusema." Nilikasirika siku nzima. Jioni nilivua ile tai na sijaivaa tena kazini.

Kila ninachokijua nilijifunza kwake. Alinifundisha kukaa nyuma kidogo ya bega la mgonjwa, ili daktari na mgonjwa watazamane wao na mimi nisahaulike. Alinifundisha kusema "mimi": mgonjwa akisema naumwa, nami nasema naumwa, si anasema anaumwa. Alinikataza kumtumia mtoto wa mgonjwa kama mkalimani, hata kwa neno moja, hata mtoto akijua Kiingereza kuliko sisi. Alininunulia penseli, kwa sababu wino huganda ndani ya gari Januari na utajikuta unaandika hewa. Karatasi ya kuandikia ni ndogo kama kiganja, na kabla hujatoka unaichana unaitia kwenye pipa lenye kufuli, siri ya mgonjwa ibaki palepale. Na alinipa tabia moja ambayo haimo kwenye kitabu chochote cha mafunzo. Ukiingia garini, alisema, kabla hujawasha redio, irudie kwa sauti ile sentensi iliyokukwama. Mara nyingi haikuwepo ya kurudia, lakini nilifanya hivyo hivyo.

Kwa kuwa wagonjwa wengi walikuwa Wakongo, nilijitahidi kukijua Kiswahili chao. Nilikaa na wanakwaya wao, nikala sombe yao, yaani kisamvu, nikajaza daftari zima. Nikazoea kusikia Kifaransa kikipita katikati ya sentensi, nikajua kwamba wao husikia njaa, husikia uchungu, husikia homa, wakati masikio yao hayana kazi yoyote hapo. Nikawa bingwa. Fomu ikiandikwa Swahili, Kongo, wenzangu wa Tanzania walikuwa wakinisukumia mimi. Niliringa, siwafichi, na kuringa huko ndiko kulikonitia matatani.

Ilikuwa majira ya baridi, miaka michache kabla sijastaafu. Nilikuwa Plymouth, kwenye kliniki iliyo nyuma ya maofisi makubwa, na hiyo ilikuwa miadi yangu ya tatu tangu asubuhi. Mgonjwa nitamwita Mama Furaha, ingawa silo jina lake; fomu yake iliandikwa Swahili, Kongo. Alikuwa anakaribia miaka sabini, amevaa kitenge juu ya suruali nene mbili. Alikuja kwa ajili ya dawa ya presha. Alikuwa amekuja na mjukuu wake wa miaka minane, Neema, ambaye ndiye mtu pekee anayeishi naye. Neema alitaka kuingia na bibi yake. Nikamwambia abaki kwenye chumba cha kusubiria achore, maana sheria ni sheria.

Daktari alikuwa dada mdogo, mpole, mwenye bidii ya kupita kiasi. Alipima presha, akaiona iko juu, akauliza maswali ya kawaida. Akafika kwenye usingizi. Mama Furaha akajibu, "Silali, daktari. Ile picha ikianza, sipati usingizi mpaka iishe." Nami nikasema kwa Kiingereza, kwa sauti yangu ya kazini isiyo na chumvi: silali, ile taswira ikianza sipati usingizi mpaka iishe. Daktari akaiweka kalamu chini. Akauliza ni taswira gani hiyo.

"Ya muuaji na chui," Mama akasema, na sauti yake ikachangamka. Akaeleza kwamba kuna muuaji anapiga ngoma huko juu. Watu wakisikia ngoma wanakimbia, wanadhani anawaonya chui anakuja, kumbe yeye ndiye anayewaswaga kuelekea mdomoni mwa chui. Nikayasema yote, kwa "mimi", neno kwa neno. Chui nilimtafsiri kama chui. Halafu Mama akaongeza kwamba chui huyo ana rangi ya machungwa na mistari myeusi. Kiswahili chetu, mtanisamehe, hakijawahi kumpa yule mnyama jina la kueleweka. Wengine humwita simba milia, wengine chui milia, na bibi wa watu anakwambia chui tu. Basi nikasema chui mwenye mistari. Daktari akaandika.

Akauliza hutokea mara ngapi. Kila Jumamosi, na juzi hata Jumapili. Akauliza hutokea wapi. Huko juu, Mama akasema, na akaonyesha kwa kidevu, jambo ambalo mimi niliyekaa nyuma ya bega lake sikuliona, nililijua baadaye. Nikasema, huko juu. Akauliza kama yeye humwona huyo muuaji au humsikia tu. "Siku hizi nasikia tu," akajibu. "Zamani nilikuwa naona." Nikasema. Akauliza kama muuaji humwambia afanye jambo lolote. Mama akashangaa swali, akasema lugha yao yeye haielewi, lakini zamani palikuwa na mtu anayemwambia kila kitu kwa Kiswahili. Nikasema hilo nalo. Naandika haya na bado naisikia sauti yangu ilivyokuwa tulivu.

Mwishoni daktari akauliza kama anaogopa. "Muuaji namwogopa," Mama akasema, "lakini steringi hafi." Nikasema: muuaji namwogopa, lakini Sterling hafi. Naam. Katika nchi hii nimewakalimania akina Sterling wawili, mmoja mfamasia na mmoja mwanasheria. Ni jina la mtu kama Juma. Daktari akauliza Sterling ni nani. Mama akajibu kwamba ndiye anayemtafuta muuaji; watu walidhani kaliwa na chui, kumbe yu hai. Daktari akauliza kwa upole kama Sterling anaishi naye nyumbani. Mama Furaha akacheka hadi akajifuta machozi. Nikaona kalamu ya daktari ikiandika kwamba mgonjwa amecheka.

Saa yangu ikawa imekwisha. Daktari akanishukuru, akasema yatakayofuata atatumia mkalimani wa simu. Nilipokuwa naichana karatasi yangu pale ukumbini nilimsikia akimwambia muuguzi aite gari la wagonjwa. Anampeleka hospitali, kitengo cha akili, atazuiwa huko siku tatu aangaliwe. Kisha akasema wapigie kaunti, watu wa ustawi wa watoto, kuna mtoto, na nyumbani hakuna mtu mzima mwingine. Nilisikia vizuri. Nikaitia karatasi kwenye pipa, vipande vikaanguka ndani. Kumwamulia mgonjwa si kazi ya mkalimani, niliwafundisha wengi wenu hivyo.

Neema alikuwa bado anachora. Aliniuliza, kwa Kiingereza kama watoto wetu wote, kama bibi yake amefanya kosa. Nikamwambia hapana. Akaanza kuniambia jambo kuhusu bibi na kelele za nyumbani kwao, nami nikamkatiza, kwa sababu habari za mgonjwa hazichukuliwi kutoka kwa mtoto. Nikafunga zipu ya koti nikatoka. Hilo la kumkatiza sijajisamehe.

Miadi iliyofuata ilikuwa Golden Valley, si mbali. Niliingia barabara kuu, theluji nyepesi inapeperushwa juu ya lami, moyo wangu mzito na sijui kwa nini. Nikaikumbuka tabia ya Dada Moraa. Nikasema kwa sauti, mle garini peke yangu, sentensi iliyonikwama: "Muuaji namwogopa, lakini steringi hafi."

Nikaisikia kwa masikio ya Tanga. Steringi hafi! Mtoto gani wa Tanzania hajawahi kugombana na mwenzake kwa maneno hayo? Steringi ni yule mkubwa wa filamu, yule anayepigwa risasi kumi akaamka. Na filamu sisi hatukuiita filamu, tuliiita picha. Mimi mwenyewe nilichapwa kwa kutoroka Jumapili kwenda kuona picha. Bibi wa watu alinisimulia picha ya Kihindi tangu mwanzo hadi mwisho, kwa Kiswahili cha nyumbani kwangu, mimi nikamtafutia maana ya Kikongo kwa sababu fomu iliandikwa Kongo. Nikamtia wazimu kwa mdomo wangu.

Nilitoka kwenye barabara kuu kwa njia ya kutokea iliyofuata bila hata kuwasha taa ya kukata kona, mtu wa nyuma akanipigia honi ndefu, haki yake. Niliipigia ofisi nikawaambia Golden Valley siendi. Waliuliza sababu, nikasema nimekosea. Wakasema nimekosea njia? Nikakata simu. Taa nyekundu zote za Plymouth zilinishika siku ile. Niliogopa, vijana. Nilikiogopea cheti changu, niliogopa kushtakiwa, na zaidi ya yote nilimwogopea yule mtoto na penseli zake za rangi akishikwa mkono na mtu asiyemjua.

Gari la wagonjwa lilikuwa limeshafika, limesimama mlangoni linanguruma. Neema hakuwepo kwenye kiti chake. Nikapita mapokezi bila kusaini. Ndani ya kile chumba Mama Furaha alikuwa amevalishwa koti, mlinzi kasimama mlangoni, na kwenye spika sauti ya mkalimani wa simu, mtu wa jimbo jingine, ilikuwa inamweleza kwamba anapelekwa mahali salama. Mama alikuwa anauliza swali moja tu, na aliliuliza tena mimi nikisikia: "Mtoto yuko wapi?"

Sisi tukitaka kujisemea wenyewe hujiita mkalimani, ili asidhaniwe mgonjwa ndiye anayesema. Basi nikasema, nikihema: mkalimani anataka kusema kwamba mkalimani amekosea. Daktari akakunja uso, akasema si wakati wake. Nikasema mkalimani anaomba swali moja. Sijui aliona nini usoni mwangu, lakini akamwashiria mlinzi asubiri, akazima spika. Safari hii nilikaa mbele ya Mama, nikamwangalia machoni.

"Mama, steringi ni nani?"

Alinitazama kama mtu anayetazama chombo kilichoharibika. "Baba, wewe si Mtanzania? Steringi humjui?"

Nikamtafsiria daktari, halafu nikatafsiri maana yake. Kisha Mama akaulizwa yote upya, nami nikayasema upya. Alikaa kambi ya wakimbizi Kigoma miaka kumi na minane, ndiko alikokitoa Kiswahili chake. Huko palikuwa na banda la video, na picha hiyo ilionyeshwa mara nyingi kuliko zote: filamu ya Kitamil, ya milima ya mashamba ya chai, kuna chui milia mla watu na kuna muuaji anayejificha nyuma ya chui huyo ili lawama zote zimwendee mnyama. Kijana wa Kigoma alikaa kando na maikrofoni akisimulia kwa Kiswahili kila kinachosemwa. Huku Plymouth, ghorofa ya juu yake, wanaishi mume na mke Watamil wanaofanya kazi kwenye maofisi hayo ya kompyuta. Baba yao amekuja kuwatembelea, baridi imemfungia ndani, masikio yake mazito, na kila Jumamosi anaifungulia picha hiyohiyo hadi ukuta unatetemeka. Mama aliitambua ile ngoma kupitia dari. Alifurahi, alisema. Ni kelele tu zinazomnyima usingizi.

Daktari akaagiza Neema aletwe. Alikuwa chumba cha pili na muuguzi. Akasema, kwa Kiingereza chake cha haraka, ndiyo, ni ile muvi ya taiga, na yule babu wa juu humpa peremende. Akasema alitaka kutuambia tangu mwanzo. Daktari akawa mwekundu mpaka shingoni. Mtu wa kaunti akapigiwa simu aishie njiani, gari la wagonjwa likaondoka tupu. Yule dada alimwomba Mama msamaha kwa maneno ya kueleweka, na nikiri hapa kwamba yeye alikuwa na haki ya kuniamini. Presha ilipopimwa tena ilikuwa juu kuliko mwanzo, kama mnavyotarajia.

Mama Furaha akamkalisha Neema mapajani, koti bado mwilini. Akaniuliza, "Baba, uliweka nini kinywani mwangu?"

Nilimwambia. Sentensi moja moja, nilivyozisema kwa Kiingereza, nikazirudisha kwake kwa Kiswahili, zote, hata ile ya mtu anayemwambia kila kitu. Alisikiliza hadi mwisho. Sikujitetea.

"Na leo Neema angelala wapi?" akauliza.



Nilijiripoti mwenyewe. Ofisi ilinirudisha kwenye mafunzo, nikakaa darasani na watoto wa umri wa wanangu nikifundishwa kuuliza neno lisiloeleweka. Nilitamani kuwaambia kwamba steringi nilimwelewa vizuri sana, hiyo ndiyo taabu. Dada Moraa, aliyekuwa ameshastaafu na kurudi Kisii, alinisikiliza kwenye simu muda mrefu, akaniuliza tu kama mtoto alirudi nyumbani na bibi yake. Nikasema alirudi. Mama Furaha aliomba tangu siku hiyo apewe mkalimani mwingine, mwanamke, na kwa simu. Nilimwona mara moja dukani Brooklyn Park, akanisalimia kwa adabu akaendelea kuchagua samaki wake.

Kama nimewaandikia ili mjue kwamba niligeuza gari, basi nimewadanganya. Lile limekwisha. Kinachonikosesha raha ni kwamba baada ya siku ile nilianza kuwarudia wengine, mmoja mmoja, wale ambao sentensi zao hazikunikwama. Wengi siwakumbuki. Mmoja namkumbuka.

Alikuwa baba wa miaka hamsini hivi, anafanya kazi ghalani, alikuja mwaka mmoja kabla ya Mama Furaha kwa ajili ya mgongo. Mwishoni daktari, mwingine kabisa, alimuuliza kama kuna jambo jingine. Yule baba aliangalia viatu vyake. Akasema, "Nimechoka, daktari. Nataka kupumzika." Nikasema kwa Kiingereza: nimechoka, daktari, nataka kupumzika. Sikuongeza, sikupunguza. Na kwetu mtu akifa, tunasema nini? Tunasema amepumzika. Hilo halikunijia mle chumbani, wala garini. Daktari akatabasamu, akamwandikia barua kwa mwajiri, wiki nzima ya mapumziko. Yule baba akaikunja mara nne, akaitia mfukoni, akatushukuru sote wawili.

Miadi yake iliyofuata nilifika mapema. Nilikaa kwenye chumba cha kusubiria na penseli yangu. Hakuja. Baada ya nusu saa nikasaini fomu, kama sheria inavyosema, nikaenda zangu. Sikuuliza.